Mwambieni, Ana Kazi Bado

Ipo amri isiyoandikwa popote, inayotiiwa kuanzia Tunduma mpakani hadi Itumba kule Ileje, kwa Wanyiha, Wanyamwanga, Wandali na sisi wengine tuliofika huku kutafuta riziki: mgonjwa ambaye saratani yake imekwisha kusambaa asiambiwe. Majibu yakitoka huitwa kaka mkubwa, au mume, au mtoto aliyesoma. Anaingia kwa daktari, mlango unafungwa. Akitoka anamwambia mgonjwa kwamba ni vidonda vya tumbo, ni uvimbe wa kawaida, ni damu imepungua, ale matunda na apumzike, atapona. Tangu siku hiyo nyumba nzima inajua isipokuwa mwenye mwili. Jirani anajua. Shemeji aliye njiani na lori kuelekea Lubumbashi amepigiwa simu, naye anajua. Sababu inayotolewa haibadiliki: akiambiwa atakata tamaa, na atakufa kabla ya siku zake.

Naipinga amri hiyo. Wanaoishika si watu wakatili. Ni watoto wanaompenda mama yao, ni ndugu wasiotaka kumwona kaka yao akilia. Lakini wamekosea. Wanayahofia machozi ya siku chache, wanasahau miezi ambayo mtu huyo angeitumia kufanya mambo ambayo hakuna awezaye kumfanyia. Tumezoea kusema kwamba asiyepona hana tena shughuli ila kulala na kuombewa. Mimi nadai kwamba katika nyumba hiyo yeye ndiye mwenye shughuli nyingi kuliko wote, na ukimficha habari ya ugonjwa wake umemnyang'anya shughuli hizo zote kwa mkupuo mmoja.

Anayeijua Tunduma atanielewa haraka. Biashara ya mji huu imesimama juu ya maneno ya mdomo. Mtu anachukua mzigo wa mchele kwa mali kauli, anauvusha mpaka hadi Nakonde, Zambia, anauuza, analipwa kwacha, anabadilisha, anarudisha fedha ya mwenyewe na kubaki na faida yake. Hakuna mkataba. Deni la mamilioni linakaa kichwani mwa mtu mmoja, na pengine katika daftari ambalo wadaiwa wameandikwa kwa majina ya utani. Kiwanja cha Chapwa kimenunuliwa kwa karatasi ya mauziano iliyogongwa muhuri wa mtendaji, na shahidi mmoja amekwisha kuhama. Hisa za VICOBA ziko kwa jina hili, fedha za simu ziko chini ya namba ya siri anayoijua mmoja tu. Shamba la kahawa la Mbozi alilirithi kwa baba yake, lakini mpaka wake na shamba la baba mdogo haujawahi kusemwa mbele ya watu. Na tuseme bila kuzunguka: wanaume wengi wa barabara hii wana mtoto upande wa pili wa mpaka ambaye ukoo haujamwona.

Mtu wa namna hiyo ukimwambia ana vidonda vya tumbo atafanya lile ambalo kila mwenye akili angelifanya. Atasubiri apone. Deni atalidai akipata nguvu. Mtoto wa Nakonde atamleta nyumbani Krismasi. Kwa baba mdogo atakwenda kuyamaliza mvua zikikatika. Anaahirisha kila kitu kwa sababu ninyi mmemhakikishia kwamba muda upo, na anakufa akiwa bado anaahirisha.

Kisha njooni arobaini yake. Wadai wanafika, wa kweli na wa uongo, na mjane hana namna ya kuwatenganisha. Wadaiwa hawafiki. Kikao cha ukoo kinakaa hadi usiku, msimamizi wa mirathi anapatikana kwa ugomvi, mambo yanakwenda mahakama ya mwanzo. Kijana wa miaka kumi na miwili anaingia uani akiwa na mama yake na picha mkononi, na watu wanamtazama kama mwizi. Yote hayo yangemalizwa na mtu mmoja, kwa mdomo wake, akiwa ameegemea mto kitandani, katika majuma mawili ya kuzungumza. Sheria zetu za mila, zile zilizotangazwa mwaka 1963, hazimtaki mtu wa kawaida atafute wakili: wosia wa mdomo unakubalika mbele ya mashahidi wanne, wawili wa ukoo na wawili watu baki. Hakuna kijiji cha Momba kinachokosa watu wanne. Kinachokosekana ni mgonjwa anayejua kwamba wakati wa kuwaita umefika.

Nimeanza na madeni na viwanja kwa sababu huko hasara inaonekana kwa macho. Isionekane kwamba nazungumzia mali tu. Yuko baba aliyemfukuza binti yake kwa sababu ya ndoa na hajawahi kumwita tena. Yuko mama ambaye ndiye peke yake aliyebaki anayejua ukoo ulitoka wapi kabla ya kuhamia bondeni, nani alizikwa wapi, watoto wa nani wasioane na wa nani. Yuko mkunga wa kijiji, fundi seremala, mwalimu wa kwaya, kila mmoja na ujuzi ambao bado haujapokelewa na mtu. Na ziko baraka. Kwetu sote, mzazi anayeondoka huweka mkono juu ya vichwa vya watoto wake na kuwasemea neno. Watoto wasiosemewa neno hilo huzeeka wakilitafuta. Sasa niambieni, mzazi ataliwekaje neno la kuaga wakati mmemwapia kwamba haendi popote?

Hoja kwamba ukweli unaua ingekuwa na nguvu kama tusingekuwa tumekwisha kuijaribu. Tumeijaribu, tena hapa hapa, juu ya ugonjwa uliotisha kuliko saratani.

Miaka ya themanini na tisini UKIMWI kwetu haukuwa na dawa. Wagonjwa wa kwanza nchini waligundulika Kagera mwaka 1983, na dawa za kufubaza virusi hazikuanza kutolewa kwa mpango wa taifa hadi 2004. Kwa miaka ishirini, kumwambia mtu kwamba ana virusi ilikuwa kumwambia kwamba atakufa, na atakufa akisemwa. Kila sababu tunayoitoa leo kuhusu saratani ilitolewa wakati ule kwa sauti kubwa zaidi: watajiua, watanyong'onyea, afadhali wasijue.

Nini kilitokea kwa wale waliojua? Uganda, mwaka 1987, Noerine Kaleeba aliyefiwa na mumewe Christopher alianzisha TASO pamoja na watu ambao wengi wao walikuwa wenyewe wameambukizwa. Walijua wanakokwenda. Wakaanzisha shirika la kuwahudumia wengine, na wengi wakaondoka wakiwa katikati ya kazi hiyo. Aprili 1989 mwanamuziki Philly Lutaya, aliyekuwa akiishi Sweden, alisimama mbele ya Waganda akasema ana UKIMWI. Hakuna mtu mwenye jina kubwa nchini mwake aliyewahi kusema hivyo. Wengine walimwita mwongo anayetafuta kuuza nyimbo. Yeye akazunguka shuleni na makanisani akiwaambia vijana kwa mdomo wake nini kinamwua, huku mwili ukipungua, hadi alipofariki tarehe 15 Desemba mwaka huo huo. Ilikuwa miezi minane. Kama ndugu zake wangefanikiwa kumficha, au kama yeye mwenyewe angekubali kufichwa, angeitumia miezi hiyo chumbani Stockholm akingoja kupona.

Tanzania nayo haikukosa watu hao. Shirika la WAMATA lilianzishwa Dar es Salaam mwaka 1989, SHDEPHA+ likafuata mwaka 1994 likiundwa na watu wanaoishi na virusi wenyewe. Walisimama kwenye mikutano ya hadhara wakati ambapo kusimama tu kulikuwa na maana ya kufukuzwa nyumba ya kupanga. Hawakusimama kwa sababu wana dawa, dawa haikuwepo. Walisimama kwa sababu wamejua, na mtu aliyejua hutafuta la kufanya na siku zilizobaki. Kina mama wa Uganda, wakati huo huo, walikuwa wakiwaandikia watoto wao vitabu vya kumbukumbu: ulizaliwa siku gani, ulipenda kula nini, baba yako alikuwa mtu wa namna gani, nani atakulea. Kitabu kama hicho hakiandikwi na mtu aliyedanganywa.

Na mji wetu ndio ungepaswa kuwa wa mwisho kulisahau somo hili. Tunduma ni mji wa malori. Hapa watu wamepimwa kando ya barabara, baa, maegesho, usiku na mchana. Rais Kikwete na mkewe walipopima hadharani Mnazi Mmoja Julai 2007, vijana wa huku nao walipanga foleni. Mpaka leo msichana wa miaka ishirini anayeuza chakula karibu na forodha akienda kupima VVU, anakalishwa, anapewa ushauri nasaha, na majibu anapewa yeye. Sheria ya Kuzuia na Kudhibiti UKIMWI ya mwaka 2008 inamlinda: majibu ni siri yake, hapewi kaka yake. Msichana huyo huyo akigundulika ana saratani ya shingo ya kizazi, majibu anapewa kaka. Na kama ana virusi, huenda ni yeye kweli, maana mwanamke mwenye VVU ana hatari mara sita zaidi ya kupata saratani hiyo. Mwili ni mmoja, hospitali ni moja, pengine hata muuguzi ni mmoja. Ninaomba mtu mmoja anieleze kwa nini chumba cha kwanza kilimwona mtu mzima na chumba cha pili kimemwona mtoto.

Jibu ninalolijua mimi halipendezi. Kwa VVU tulilazimishwa, na watu wenye virusi wenyewe, kuwaheshimu. Kwa saratani wagonjwa wetu hawajapata muda wa kutulazimisha. Wengi hufika hospitali ugonjwa ukiwa hatua ya tatu au ya nne, wanaondoka kabla hawajaunda chama.

Uongo huu pia una bei ya fedha taslimu. Mgonjwa wa Songwe hupelekwa Mbeya, na kutoka Mbeya mara nyingi hospitali ya saratani ya Ocean Road, Dar es Salaam, zaidi ya kilomita 900 kutoka mpakani. Kwa ambaye mionzi au dawa zitamsaidia, safari hiyo ni ya lazima na wasichelewe hata siku moja. Ukweli ninaoutetea ungewawahisha wengi wao, kwa sababu mtu anayejua ana uvimbe hatari hamalizi miezi sita kwa mganga. Nazungumzia yule mwingine, ambaye madaktari wamekwisha kuieleza familia kwamba tiba ya kuponya haipo tena. Ukoo hauwezi kumweleza mgonjwa kwa nini wanakaa nyumbani, kwa hiyo wanasafiri. Ng'ombe wanauzwa, ekari mbili za kahawa zinawekwa rehani, anapakiwa kwenye basi akiwa hawezi kuketi. Wengine hurudi kwenye gari la maiti, na usafirishaji wa maiti unamaliza kile kilichobaki cha ada za watoto. Mngemwuliza, angesema nini? Siwezi kumsemea. Najua tu kwamba wazee wengi wa Mbozi wangependa kufa wakisikia lugha yao, karibu na makaburi ya wazazi wao, na shamba likabaki kwa watoto. Hakuulizwa, kwa sababu kumwuliza kungemaanisha kumwambia.

Na pale hospitali inapokataa kudanganya, wapo wengine wa kuziba pengo. Mwaka 2011 nchi nzima ilielekea Samunge, Loliondo, kunywa kikombe cha Mchungaji mstaafu Ambilikile Mwasapile, kwa shilingi 500, kwa ajili ya kisukari, UKIMWI, saratani. Walitoka wagonjwa hadi mikoa yetu ya kusini, mwendo wa siku kadhaa, na wapo waliofia kwenye foleni ya magari porini. Siwalaumu waliokwenda. Mtu anayeambiwa na kila mmoja kwamba kupona ndilo jambo pekee lenye maana atakwenda popote kunakosemwa uponyaji. Laiti kungekuwa na mtu mmoja wa kumwambia kwamba hata usipopona siku hizi ni zako na zina thamani, pengine baadhi yao wangebaki nyumbani na wajukuu.

Nije kwenye mapingamizi, maana yapo mazito.

La kwanza ni la watu wa imani. Wanasema kumwambia mtu atakufa ni kumpangia Mungu, ni uchuro, ni kukosa imani. Lakini daktari mwangalifu hasemi tarehe, na asiseme. Madaktari hukosea sana juu ya muda. Anachosema ni kwamba ugonjwa huu hatuna uwezo wa kuuondoa. Hiyo ni habari ya hospitali, haimfungi Mungu mikono. Wachungaji wanaohubiri Tunduma kila Jumapili wanamjua Mfalme Hezekia: alipougua, nabii Isaya alitumwa kumwambia wazi kwamba aweke mambo ya nyumba yake sawa kwa kuwa hatapona. Hezekia akageukia ukutani, akalia, akaomba, akaongezewa miaka kumi na mitano. Angalieni mpangilio. Aliambiwa kwanza. Ombi lile lenye nguvu lilitoka kwa mtu aliyejua, na kama watumishi wa ikulu wangemwambia ni homa tu asingekuwa na sababu ya kuomba hivyo. Waislamu nao wamefundishwa kwamba mwenye kitu cha kuusia asilale siku mbili wosia wake haujaandikwa. Dini zetu zote mbili zinamtaka mwanadamu akikabili kifo akiwa macho. Tunachokitetea kwa jina la imani ni hofu yetu wenyewe.

Pingamizi la pili ni la ushahidi wa macho: kila mtu anamjua mmoja aliyeambiwa akafa ndani ya wiki. Sikatai. Lakini tazameni aliambiwaje. Aliambiwa akiwa amesimama koridoni, kwa nusu dakika, na mtu aliyekuwa akitazama saa. Akaambiwa "nendeni nyumbani" bila dawa ya maumivu, bila mtu wa kumpigia simu. Kilichomvunja hapo ni kutupwa. Na mara nyingi aliambiwa amechelewa, siku saba kabla, kwa sababu miezi sita iliyotangulia ilitumika kumficha. Basi alikufa wakati ambao angekufa kwa vyovyote, na ukweli ukabebeshwa lawama. Hospitali ya Massachusetts General ya Boston, Marekani, iliwafuatilia wagonjwa 151 wa saratani ya mapafu iliyosambaa na kutangaza matokeo mwaka 2010. Waliopewa tiba shufaa mapema, yaani kutulizwa maumivu na kuzungumziwa wazi kuhusu hali yao na matakwa yao pamoja na matibabu ya kawaida, hawakuwa na huzuni nyingi kama wenzao, na waliishi muda mrefu zaidi: takriban miezi 11.6 kwa 8.9. Utafiti ule haukupima ukweli peke yake, wala Boston si Vwawa. Lakini hauonyeshi kwamba kuzungumza na mgonjwa kama mtu mzima kunamwua mapema.

Tena, huyo mnayemficha anajua. Mwili wake unamwambia kila asubuhi anapofunga mkanda. Anaona wageni wasiokuwa wakija sasa wanakuja, anaona sauti zinashuka akiingia. Kinachobaki ni nyumba yenye watu kumi wanaoigiza, na mmoja kitandani anayewaigizia wao ili wasiumie. Anakufa peke yake katikati ya umati. Sijui adhabu kubwa kuliko hiyo.

Pingamizi la tatu ndilo ninaloliheshimu kuliko yote: wapo wasiotaka kujua. Ni kweli, na ni haki yao. Mzee anaweza kusema, mambo hayo zungumzeni na mwanangu, mimi nipeni dawa nilale. Basi iwe hivyo. Ila ni yeye wa kusema hivyo. Nesi anakaa, si kusimama, anaamkia, anasema: "Mama, majibu yako yametoka. Ungependa nikueleze yote, au kiasi, na ungependa nani awepo?" Mama atajibu. Akimtaka kaka yake awepo, kaka aje. Akisema hataki, jambo limekwisha. Tofauti ya haki hiyo na desturi yetu ni kwamba leo kaka ndiye anayechagua, na katika nyumba nyingi uchaguzi wake hauna uhusiano na moyo wa mgonjwa. Una uhusiano na nani ashike shamba, nani asijue kuhusu fedha, na mwanamke asije akaanza kugawa vyake.

Kuna sharti moja, na bila hilo kila nilichosema ni maneno matupu. Mtu mwenye maumivu makali hana nafasi ya kutafuta maana ya chochote. Hawezi kumbariki mtoto, hawezi kukumbuka deni, hawezi hata kuomba. Cicely Saunders, aliyefungua hospisi ya St Christopher's London mwaka 1967, alilijenga jambo lote juu ya msingi huo: tuliza mwili kwanza, ndipo mtu arudi. Na haigharimu kama tunavyodhani. Anne Merriman alipofika Kampala na kuanzisha Hospice Africa Uganda mwaka 1993, alianza na mofini ya maji inayochanganywa kwa unga, maji na kihifadhi, inayonywewa kwa kipimo nyumbani. Mwaka 2004 Uganda ikaruhusu wauguzi na matabibu waliosomea kazi hiyo kuiandika, kwa sababu daktari hayupo kijijini na maumivu yapo. Kwetu Ocean Road imekuwa ikiichanganya kwa miaka mingi, na hospitali za KKKT, Selian ya Arusha ikiwa mbele, zilithibitisha kwamba tiba shufaa inaweza kufika hadi chini ya mgomba. Kwa hiyo familia ya Kamsamba inayosikia mtu wao akilia usiku kucha haijakabiliwa na jambo lisilowezekana. Imekabiliwa na jambo ambalo halijafika.

Nasikia mtu akiniambia kwamba hao kina Lutaya walikuwa watu wa pekee, na mtu wa kawaida hana cha kuhubiri nchi nzima. Sijamtaka ahubiri. Wala sidai kwamba anayekufa lazima amalize jambo kubwa. Mwalimu Nyerere aligundulika na saratani ya damu mwaka 1998, akiwa msuluhishi wa mazungumzo ya Warundi pale Arusha. Aliendelea nayo. Alifariki London tarehe 14 Oktoba 1999 na mkataba haujasainiwa. Ulisainiwa Agosti 2000, Mandela akiwa ameshika nafasi yake. Hakumaliza. Nani atasema mwaka ule haukuwa na maana? Ken Okoth, mbunge wa Kibra, aliwaambia Wakenya mwaka 2019 kwamba saratani yake iko hatua ya nne na haitapona. Julai alirudi kutoka matibabu Ufaransa, akaonana na watu wake wa Kibra, akafariki mwisho wa mwezi huo huo. Watu waliaga na yeye akaaga. Bibi wa Igamba anayemfundisha mjukuu wake kupanda maharage kwa mistari, akijua kwamba msimu wa kuvuna hatakuwepo, yuko kwenye kazi ile ile. Kinachomtofautisha na bibi wa jirani anayeambiwa "pumzika, utapanda mwenyewe ukipona" ni kwamba mmoja ameachwa awe mtu mpaka mwisho.

Ninalolidai liko ndani ya uwezo wa mkoa huu, bila kungoja jengo jipya. Hospitali ya Rufaa ya Mkoa pale Vwawa, vituo vya afya vya Tunduma, Mbozi Misheni, Isoko, zote zina washauri wa VVU waliozoea kwa miaka kukaa na mtu, kumpa habari nzito, kumwona akilia, na kumpangia siku ya kurudi. Hawa wapewe wagonjwa wa saratani, wa ini na wa figo ambao tiba ya kuponya imeshindikana. Watoa huduma za afya ngazi ya jamii wanaofuatilia waliokatiza dawa za VVU wafike pia kwa mama asiyeinuka kitandani, na wapeleke mofini. Madaktari waache kuita ndugu kabla ya kumwita mgonjwa, na uongozi wa hospitali ulichukulie hilo kama uvunjaji wa siri, kama ambavyo ungekuwa kwa kipimo cha VVU. Maofisa maendeleo ya jamii na watendaji wa mitaa waende wodini na nyumbani kwa anayetaka kuusia, waandike, washuhudie. Wachungaji na mashehe wanaoitwa kuombea wamwulize mgonjwa, ndugu wakiwa wametoka nje, kuna nini anachotaka kukitengeneza, kisha wamsaidie kukitengeneza wiki hiyo hiyo.